Picha za Kimya na Watu wa Pwani ya Pemba

Watu wa Pemba wa zamani hawakuwa na desturi ya kukusanyika pwani kwa ajili ya kupunga upepo tu. Pwani ilikuwa mahali pa kazi, na kila aliyeshuka huko alishuka kwa haja yake. Mvuvi wa Kojani au wa Tumbe alishuka kusukuma chombo majini au kukivuta mchangani. Wanawake walishuka maji yakitoka, wakaokota kombe na chaza, wakafukia makumbi na kuyafukua. Mchukuzi na mfanyabiashara walishuka Wete, Mkoani na Chake Chake kwa sababu ya mizigo. Hata hivyo zilikuwapo siku ambazo pwani ya kisiwa ilifurika watu, na siku hizo zilijulikana.

Ya kwanza ilikuwa siku ya Mwaka, ambayo wengine huiita Nairuzi kwa jina lililotoka katika lugha ya Kiajemi. Alfajiri ya siku hiyo watu wa mwambao, wa Unguja na Pemba wakiwamo, walishuka baharini kuoga, wapate kuondoa mikosi ya mwaka uliopita kabla ya kuupokea mwaka mpya. Mwaka huo ni wa siku 365 kamili, wala hauna siku ya kuongezwa kila mwaka wa nne; kwa hiyo hurudi nyuma polepole katika kalenda ya Kizungu, na katika muda wa miaka 100 huwa umerudi siku zipatazo 25. Sir John Gray aliandika makala juu ya sherehe hiyo mwaka 1955. Siku nyingine za umati zilikuwa zile za kuwasili kwa meli kutoka Unguja, wapokeaji walipokuwa wengi kuliko wasafiri. Tena ulikuwapo msimu wa karafuu, ambapo vyombo viliteremsha wachumaji, wanaume kwa wanawake, na mabunda yao ya nguo na vyungu vyao, waliokuja kukaa mashambani mpaka mavuno yaishe.

Umati huo ulikuwa na sura gani? Walisimama vipi, walitazamana vipi, watoto walikimbilia wapi chombo kilipotia nanga? Swali hili laweza kudhaniwa kuwa la mchezo, lakini kwa miji mingine ya pwani duniani lina jawabu la kuonekana kwa macho. Kwa sababu hiyo yafaa kwanza kuutazama mji mmoja wa namna hiyo, kisha kurudi Pemba kwa macho yaliyokwisha kufunzwa.

Katika pwani ya kaskazini-magharibi ya Uingereza upo mji wa Blackpool. Mji huu ulikua kwa sababu ya watu waliokwenda kutazama bahari. Ulijenga magati matatu marefu, la kwanza mwaka 1863, la pili mwaka 1868, na la tatu, lililoitwa Victoria, mwaka 1893. Na kazi yao kubwa ilikuwa kuwapa watu mahali pa kutembea juu ya maji pasipo kulowa. Mwaka 1894 ukafunguliwa mnara wa chuma uliofuata mfano wa mnara wa Paris. Wageni wa mji huo wengi walikuwa wafanya kazi wa viwanda vya pamba vya jimbo la Lancashire. Kila mji wa viwanda ulikuwa na juma lake la kufunga mitambo, na juma hilo asili yake ilikuwa sikukuu ya kanisa la mahali. Basi watu wale nao, kama watu wa Mwaka, waliongozwa pwani na kalenda ya wazee wao, ingawa dini na desturi zilikuwa mbali mbali. Wala hawakuwa wageni kabisa kwa watu wa Pemba: nguo zilizotoka katika viwanda vya nchi yao zilifika Zanzibar, na karafuu za Zanzibar zilifika katika masoko yao.

Miaka ya 1903 na 1904 mabwana wawili wa mji wa Blackburn, Sagar Mitchell na James Kenyon, walipiga picha za sinema za watu waliokuwa wakitembea juu ya magati ya Blackpool. Walikuwa wameanzisha kampuni yao mwaka 1897. Kazi yao ilikuwa ya biashara, nayo ilikuwa na hila nzuri. Mwenye maonyesho ya sinema, akizunguka na hema lake kutoka mji hata mji, aliwaajiri wawapige picha wenyeji wakitoka kiwandani, wakitoka kanisani, au wakitembea pwani. Kisha akatangaza kwamba kila mtu aje ajione mwenyewe. Watu wakaja, wakalipa, wakajiona. Kwa kuwa kila uso ulioingia katika picha ulikuwa ni tikiti iliyokwisha kuuzwa, mpiga picha alifanya jitihada nyuso ziwe nyingi iwezekanavyo.

Jambo hilo huonekana katika picha zenyewe. Watu hupita mbele ya kamera karibu sana, vichwa vyote vimefunikwa kofia. Wengine hupita wakijifanya hawakuona kitu. Wengine hugeuka wakacheka. Vijana hupita, wakazunguka, wakapita tena. Hakuna mchezaji mkuu katika picha hizo, wala hakuna habari inayosimuliwa. Kila mmoja ni mkuu kwa sekunde tatu au nne, kisha humwachia nafasi mwenziwe.

Picha hizi zilikuwa za kimya, maana kamera ya wakati huo haikunasa sauti. Mpiga picha aliizungusha kwa mkono, na kwa kawaida picha zipatazo 16 zilipigwa kila sekunde. Mkono ukienda haraka au polepole, mwendo wa watu ulibadilika katika maonyesho. Ndiyo sababu ya ule mwendo wa kurukaruka unaowachekesha watu wa leo, ambao hutokea picha za mwendo mmoja zikionyeshwa kwa mwendo mwingine. Watu wa wakati ule hawakutembea kama vitoto vya kuku. Ni mashine ya wakati wa baadaye iliyowakimbiza. Mwanafunzi wa historia yampasa alikumbuke hilo kabla ya kumcheka mtu wa kale.

Bahari na umati wa watu viliingia katika sinema tangu siku yake ya kwanza. Tarehe 28 Desemba 1895, ndugu wawili Wafaransa, Auguste na Louis Lumière, walipoonyesha picha zao kumi mbele ya watu waliolipa mjini Paris, moja katika hizo kumi ilikuwa ya watu wakirukia baharini kuoga. Kwa hiyo aliyetaka kupiga picha watu wanaoshuka baharini hakuwa na haja ya kubuni neno jipya. Lilikuwa miongoni mwa mambo ya kwanza yaliyotazamwa katika fani hiyo.

Lakini kamera zilizofika Afrika ya Mashariki hazikuwa na shabaha hiyo. Mwaka 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka karibuni katika urais wa Marekani, aliteremka Mombasa kwenda kuwinda. Mwingereza Cherry Kearton akampiga picha za sinema, na filamu hiyo ikatolewa mwaka 1910. Mwaka 1928 Martin na Osa Johnson wa Marekani walitoa filamu yao iliyoitwa Simba. Majina ya filamu za namna hii yanatosha kuonyesha macho ya kamera yalikuwa wapi. Mnyama alifuatwa kwa siku nyingi mpaka akajulikana tabia zake. Mwenyeji alipita nyuma na mzigo kichwani, akatoka nje ya picha.

Zanzibar haikuwa nchi ya mawindo. Macho ya kamera yalipoielekea, yalitafuta kitu ambacho ulimwengu uliijulia Zanzibar, nacho kilikuwa karafuu. Mwaka 1925 kampuni ya British Instructional Films ya Uingereza ilitoa filamu ya kimya juu ya Zanzibar na kazi ya karafuu. Hiyo ilikuwa miaka ya Maonyesho ya Dola ya Kiingereza yaliyofanywa Wembley, karibu na London, mwaka 1924 na 1925. Maonyesho hayo yalitazamwa na watu wapatao milioni 27, na Zanzibar ilikuwa na mahali pake pamoja na nchi nyingine za Afrika ya Mashariki. Kampuni hiyo ilitengeneza filamu nyingi za nchi za dola katika miaka hiyo, ili Mwingereza afahamu kwamba chai, pamba, kakao na viungo anavyonunua dukani vyatoka katika nchi zilizo chini ya bendera yake.

Filamu ya zao ina mpango wake, na mpango huo hutangulia watu. Huanza mtini, ikaenda penye kuanikia, ikaenda ghalani, ikamalizikia melini. Zao ndilo linalosafiri. Watu husimama njiani mikono yao ikalipitisha. Mchumaji huonekana maadamu anachuma. Akishuka mtini akaketi kula, au akashuka pwani siku ya Mwaka na wanawe, hana tena kazi katika habari hiyo. Kati ya picha na picha huwekwa maandishi ya kueleza, nayo huandikwa kwa lugha ya mtazamaji wa mbali.

Karafuu ya Zanzibar kwa sehemu kubwa ni karafuu ya Pemba. Tufani ya Aprili 1872 iliiangusha mikarafuu ya Unguja kwa wingi, lakini Pemba ilisalimika. Tangu hapo kisiwa cha kaskazini kikawa ndicho chenye mazao makubwa. Watu wakaongezeka mashambani, na katika zama hizo kuongezeka kwa watu mashambani kulikuwa na maana moja ya kusikitisha, yaani watumwa. Mkataba wa mwaka 1873 ulifunga soko na kuzuia watumwa kusafirishwa baharini, lakini vyombo viliendelea kuwaingiza Pemba kwa siri. Tarehe 6 Aprili 1897, katika enzi ya Seyyid Hamoud bin Mohammed, amri ikatolewa kwamba sheria haitambui tena hali ya utumwa. Mtumwa aliyetaka uhuru wake alilazimika kwenda kuudai mbele ya hakimu; mwenye mali alilipwa fidia; na masuria hawakuingizwa katika amri hiyo mpaka mwaka 1909.

Msomaji na afanye hesabu ndogo. Mtu mzima wa miaka 40 katika mwaka 1925 alizaliwa yapata mwaka 1885, na amri ya 1897 ilimkuta ana miaka 12. Katika mashamba ya karafuu ya wakati wa filamu ile, wenye umri huo na waliowazidi hawakuwa wachache, nao wote walikuwa wameujua utumwa, ama kwa kuwa watumwa, ama kwa kumiliki, ama kwa kuishi jirani nao. Wengine walikuwa na jina la utumwani na jina la uhuru, na kila jina lilikuwa na watu wanaoliita. Filamu ya kazi ya karafuu haikutengenezwa kueleza hayo, na kamera isiyo na sauti haikuweza kumpa mchumaji nafasi ya kuyasema mwenyewe. Basi kimya chake kilikuwa cha namna mbili: kimoja cha mashine ambayo haikujua kusikia, na kimoja cha wenye mashine ambao hawakuuliza.

Hapa ndipo tofauti ya Blackpool na Pemba inapokuwa wazi, nayo si tofauti ya utajiri wala ya ustadi wa kamera. Kila picha ya umati ina watu wa namna tatu: wanaopigwa, wanaopiga, na wanaokusudiwa kutazama. Blackpool wanaopigwa na wanaokusudiwa kutazama walikuwa watu wale wale. Katika filamu ya karafuu, waliopigwa walikuwa katika visiwa vya Zanzibar na waliokusudiwa kutazama walikuwa Uingereza, na bahari nzima ilikuwa kati yao. Mtu anayejua kwamba atajiona kesho huipungia kamera kofia. Mtu asiyetarajiwa kujiona hupangwa, huambiwa asimame hapa au pale, na uso wake hutumika kuonyesha jambo jingine.

Isidhaniwe kwamba watu wa Zanzibar walikuwa mbali na sinema wakati huo. Mnamo mwaka 1921 jumba la Royal lilifunguliwa mjini Unguja, nalo lilichorwa na John Houston Sinclair, afisa wa serikali aliyechora pia majengo mengine mashuhuri ya mji huo. Mwenye biashara hiyo, Hassanali Adamji Jariwalla, alikuwa amekwisha kuonyesha picha mjini kabla ya hapo. Jumba hilo baadaye liliitwa Majestic, likaungua, likajengwa upya mwaka 1955. Pemba nayo ilipata majumba yake ya sinema, Wete na Chake Chake. Kwa hiyo mwenyeji alilipa, akaketi, akatazama; alitazama London, Bombay na Cairo. Alijifunza mitindo ya nguo na mapigo ya ngoma za watu wengine. Kitu ambacho biashara ile haikumpa ni kile ambacho mfanya kazi wa Blackburn alikipata kwa senti chache, yaani kuuona mtaa wake na jirani yake.

Juu ya watazamaji wa kwanza zipo hadithi mbili zinazofaa kukumbukwa pamoja. Ya kwanza yasema kwamba watu wa Paris, walipoonyeshwa gari la moshi likiingia katika kituo cha La Ciotat, walikurupuka vitini wakakimbia. Watafiti walioichunguza hadithi hiyo hawakupata ushahidi wa wakati ule wa kuithibitisha. Na hadithi za namna hiyo hiyo zikasimuliwa tena juu ya Waafrika, safari hii kwa kusudi la kuonyesha kwamba akili zao hazijazoea picha. Hadithi ya pili ilielezwa na Mwingereza John Wilson mwaka 1961, na Marshall McLuhan akaieneza katika kitabu chake cha mwaka 1962. Wanakijiji wa Afrika walionyeshwa filamu ya kufundisha usafi. Walipoulizwa wameona nini, walijibu kwamba wameona kuku. Waliotengeneza filamu hawakujua kuwa mna kuku ndani yake. Waliporudia kuitazama picha baada ya picha, wakamwona: kuku alikuwa amepita pembeni kwa muda wa sekunde moja hivi.

Wengi waliisimulia hadithi ya kuku kama ushahidi wa upungufu wa watazamaji. Lakini kuku alikuwamo. Mafundi walitazama kile walichokusudia kionekane, na wanakijiji wakatazama kilichokuwapo. Mwanahistoria anayefungua filamu ya zamani ya kisiwa chake hana mwalimu bora kuliko wanakijiji hao. Yampasa aachane kwa muda na mti, gunia na meli, atafute kile kilichopita pembeni: mtoto aliyeshika nguo ya mama yake, mzee aliyekaa kitako kivulini, namna mwanamke alivyojifunga kanga, jamvi lililoshonwa mahali lilipotoboka, mtu aliyegeuka ghafla kuitazama kamera ingawa alikatazwa. Hayo hayakununuliwa na mwenye filamu. Yaliingia bure, na ndiyo yenye thamani kwa watu wa Pemba.

Siku ya uwazi, mtu akisimama upande wa magharibi wa Pemba huweza kuiona milima ya Usambara ng'ambo ya bahari. Katika milima hiyo, mahali paitwapo Vugiri, jaribio la namna nyingine lilifanywa kati ya mwaka 1935 na 1937, kwa msaada wa fedha za Carnegie kutoka Marekani. Waingereza wawili, L. A. Notcutt na G. C. Latham, waliongoza kazi ya kutengeneza filamu 35 ambazo wachezaji wake walikuwa Waafrika, na watazamaji waliokusudiwa walikuwa Waafrika. Picha zenyewe zilipigwa kimya. Maneno yalitiwa katika sahani za santuri kwa lugha mbali mbali, Kiswahili kikiwamo, yakachezwa pamoja na picha. Filamu hizo zilisafirishwa kwa gari kutoka Tanganyika mpaka nchi za jirani. Zilikuwa za mafundisho, na mwalimu wake alikuwa bado ni mgeni aliyeamua lipi jema na lipi baya. Hata hivyo zilithibitisha jambo moja: Mwafrika akipigwa picha ili Mwafrika mwenzake atazame, picha hubadilika, na lugha yake huhitajiwa.

Kwa upande wa visiwani, sauti ilikuwa imekwisha kutangulia bila ya picha. Mwaka 1928 Bibi Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba katika Unguja, alikwenda Bombay na wenziwe kutiwa sauti katika sahani za santuri. Shaaban Robert aliandika wasifu wake, uliotolewa mwaka 1958 pamoja na jarida la Halmashauri ya Kiswahili ya Afrika ya Mashariki. Siti alikuwa mtoto wa watu wanyonge, wa asili ya utumwa, na katika nyimbo zake mtaa wote ulitajwa: waliodhulumu, waliodhulumiwa, waliohukumiwa. Basi katika muda wa miaka mitatu tu Zanzibar ilitoa vitu viwili vinavyotazamana: filamu ya 1925, yenye nyuso zisizosema, na sahani za 1928, zenye sauti zisizoonekana. Katika sauti mlikuwa na majina. Katika nyuso hamkuwa na majina.

Pemba yenyewe ilikuwa na njia yake ya kuwaandika watu wake, nayo ni ushairi. Kamange, aliyefariki mwaka 1910, na Sarahani bin Matwar, aliyefariki mwaka 1926, waliacha mashairi ambayo watu waliyahifadhi vifuani na katika makaratasi ya hati za Kiarabu. Mengi yao yalikusanywa na kutolewa kitabu mwaka 2011, miaka 85 baada ya kufa kwa Sarahani. Mashairi ya watu hao yalipita kutoka baraza hata baraza, yakajibiwa na kupingwa, na aliyesemwa alikuwa na nafasi ya kujisemea. Filamu ya karafuu ilipokuwa ikionyeshwa ng'ambo, mshairi huyo wa Pemba alikuwa yu hai, mzee wa miaka zaidi ya 80, na kisiwa kizima kilikuwa kikimjua kwa jina.

Kwa hiyo si kweli kwamba kisiwa hakikuwa na kumbukumbu mpaka alipofika mwenye kamera. Kilikuwa nayo, ila ya namna nyingine. Kamera huhifadhi uso na hupoteza jina. Ulimi huhifadhi jina na hupoteza uso. Kila moja ina upungufu ambao mwenziwe angeweza kuuondoa kama wangekutanishwa mapema. Mfanya kazi wa Blackburn alipotazama picha ya gati, ulimi na kamera vilikutana palepale ndani ya hema, maana watu walikuwa wakiitana majina gizani huku picha ikipita. Filamu ya karafuu ilipoonyeshwa ng'ambo, hakuna jina lililoitwa, kwa sababu hapana aliyekuwa na la kuita.

Yafaa kutaja namna filamu zile za Mitchell na Kenyon zilivyosalimika, maana kuna funzo ndani yake. Kampuni ilipokufa, filamu za asili, zile ambazo ndani yake nyeupe huonekana nyeusi na nyeusi nyeupe, zilibaki chini ya duka la Blackburn ndani ya mapipa ya chuma. Mwaka 1994 wajenzi wakayakuta mapipa matatu yenye filamu zaidi ya 800. Bwana Peter Worden wa mji huo huo alizipokea na kuzitunza, na mwaka 2000 zikakabidhiwa Taasisi ya Filamu ya Uingereza. Utepe wa zamani hizo ulitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachowaka moto kwa wepesi na kuoza kikipata joto na unyevu. Ubaridi wa chini ya duka ndio uliouhifadhi. Joto na unyevu wa Pemba usingeuacha miaka 90. Kwa hiyo filamu za karafuu ambazo zilipelekwa nchi za baridi zilipata, kwa bahati ya ajabu, maisha marefu kuliko zingekaa nyumbani.

Kusalimika huko, hata hivyo, ni nusu ya kazi. Picha iliyohifadhiwa ng'ambo ikaandikwa katika daftari kwamba ni ya wenyeji wakianika karafuu, imesalimika kama zao linavyosalimika ghalani: kwa uzito na kwa aina. Siku hizi filamu ya zamani yaweza kunakiliwa na kupelekwa popote bila ya kuusafirisha utepe wake. Hakuna sababu ya kiufundi inayozuia nakala kuonyeshwa Wete, Mkoani, na katika ngome kongwe ya Chake Chake iliyogeuzwa makumbusho, mbele ya watu ambao ndio wenye haki ya kwanza ya kutazama. Na atakayeonyesha asiulize picha inahusu nini, kwa kuwa swali hilo lilikwisha kujibiwa mwaka 1925 na wenye filamu. Aulize, huyu ni nani? Ni wa mji gani? Jamvi hili ni la mkono wa nani, na mshono huu hushonwa wapi?

Kazi hiyo ina muda wake. Mtoto aliyekuwa na miaka 5 mwaka 1925 leo angekuwa amevuka miaka 100. Waliowajua watu wale kwa macho wamekwisha kwenda. Waliobaki ni wajukuu na vitukuu, ambao walisimuliwa kwamba babu alikuwa na kovu kwenye shavu, au bibi alikuwa mrefu kuliko wanawake wote wa mtaani, au mjomba alikuwa na desturi ya kusimama na mguu mmoja juu ya mwingine kama korongo. Alama ndogo kama hizo zatosha kumtambua mtu ndani ya umati, lakini hukaa katika vichwa vya watu wachache, na watu hao hupungua kila mwaka. Picha itaendelea kungoja katika ubaridi wake. Jina halitangoja.